Mkono wa Kushoto wa Nasriya

Mkono uliomtia Nasriya binti Aflah matatani maisha yake yote ulikuwa wa kushoto. Watoto wenzake huko Malindi, Unguja, walifundishwa kwamba mkono huo una kazi zake na si zaidi ya hizo. Yeye aliulea, akaufanyisha mazoezi, akaupa nguvu kuliko wa kulia, mpaka shangazi zake wakaanza kumtazama kwa jicho la shaka kila alipokaa kwenye sinia ya wali.

Aliyemharibu, kama hilo ndilo neno lenyewe, ni Bi Filomena, mjane wa Kigoa aliyekaa ng'ambo ya kichochoro. Bi Filomena ujanani alikuwa akipiga piano katika sinema, zama zile picha hazijapata sauti, na baharia mmoja alimwachia sahani za santuri za Wamarekani weusi. Kutoka sahani zile alijifunza upigaji ambao Unguja nzima haikuwa na mwingine aliyeuweza. Katika upigaji huo mkono wa kushoto hautulii. Unashuka chini kabisa kugusa besi, unaruka hadi katikati kukamata sauti tatu nne kwa mpigo mmoja, unashuka tena, unaruka tena, hatua ndefu, haraka, wala macho hayaufuati. Na wa kulia unacheza juu yake utakavyo. Mtu mmoja anakuwa bendi nzima. Nasriya alikuwa na miaka tisa alipousikia dirishani, na jioni ile ile alivuka kichochoro akabisha hodi.

Alipofika miaka ishirini alikuwa akiitwa harusini, upande wa wanawake, na baba yake, mzee Aflah, baada ya kugomba miaka sita, alimnunulia piano iliyokwishatumika. Nasriya akaitunza kama alivyofundishwa. Unguja hewa ina maji, na maji ni adui wa piano: mbao hufura, vibao vya kupigia hunata, nyuzi huota kutu. Kwa hiyo tumboni mwa piano aliweka vifuko vya mchele mkavu na makaa vinyonye unyevu, akivibadilisha kila mwezi. Aliolewa na Sleyum, karani mpole, akazaa binti, Kheiria, na akaendelea kupiga. Hakutaka jambo jingine duniani ila hilo, na alikuwa nalo.

Halafu ikaja Januari ya 1964. Habari zake zimesimuliwa na wengi na kila mmoja analo la kulilia. Hapa inatosha kusema kwamba Nasriya alitoka na mume, mtoto, bangili mbili mkononi na begi la nguo, na piano ikabaki na mchele wake tumboni. Miezi mitano baadaye walikuwa Bawshar, mwendo wa saa kadhaa kutoka Maskati kwa gari lisiloharibika, katika nyumba ya udongo ya Bi Shaikha, shangazi yake Sleyum.

Bi Shaikha alizaliwa Chake Chake akarudishwa Bawshar akiwa na miaka kumi na miwili. Aliwazika waume wawili, akalea watoto saba, na hakuna kilichoingia au kutoka katika nyumba ile bila yeye kujua. Hakuwa mkali, ila hakupenda kuulizwa jambo mara mbili. Aliwapa chumba cha kusini, akawapa na kasha kubwa la mninga la kutilia nguo ambazo hawakuwa nazo.

Nasriya alilitazama kasha lile, akapima urefu wake kwa viganja. Likamfaa. Kesho yake baada ya swala ya alasiri alikaa mbele yake na kuanza: mkono wa kushoto chini, katikati, chini, katikati, saa nzima. Siku ya pili vilevile. Wiki haikwisha, Bawshar nzima ilikuwa na habari kwamba mke wa Sleyum, yule Mzanzibari, anagonga kasha. Jirani mmoja alisema ni jini la baharini, akajitolea kuleta mtu wa kumsomea.

Bi Shaikha alimwendea mwenyewe.

"Mwanangu, una nini?"

"Nna mazoezi, Shangazi."

"Ya nini?"

"Ya piano."

Bi Shaikha akatazama chumba, pembe hadi pembe. "Iko wapi?"

"Bado haijaja."

Bi Shaikha akatoka, akamwambia yule jirani asilete mtu. Na Nasriya akaendelea kwa miaka mitano. Msomaji asidhani hiyo ni njia ya kusema tu. Ni miaka mitano kweli, kasoro miezi michache, alasiri kwa alasiri, akiwa na homa, akiwa mzito wa mimba iliyokuja kuharibika, akiwa amegombana na Sleyum, akiwa hana hata tetesi ya piano katika nchi nzima. Kiarabu cha Bawshar kilimshinda miaka miwili ya mwanzo, wanawake wakimcheka kisimani, naye akirudi anakwenda kulipigia kasha lile lisilomjibu. Kuna siku alilia juu yake. Alilia huku mkono unakwenda.

Sleyum alipata kazi Matrah, bandari jirani ya Maskati, katika ghala la mfanyabiashara aitwaye Ishaq, akirudi Bawshar kila Alkhamisi. Alkhamisi moja, mwanzoni mwa 1969, aliingia akakaa hata viatu hajavua.

"Nasriya, ghalani kwa Ishaq, nyuma ya magunia, mna kitu kimefungwa turubai. Nimekifunua leo."

Nasriya akasimama.

"Kaa kwanza, nikueleze. Daktari mmoja Mzungu aliiagiza, akahamishwa kabla haijafika. Ishaq anasema inamkalia nafasi."

Nasriya hakukaa. Alivua bangili zake mbili za mahari akazitia mfukoni mwa kanzu ya mumewe, akamwambia arudi Matrah kesho.

Piano ikaja kwa lori la ndimu kavu. Ruwi, mahali pa ukaguzi, askari alipanda nyuma, akakizunguka kile kitu mara mbili, akauliza ni nini. Sleyum, mtu asiyejua kusema uongo, akajibu ni kabati la mke wake. Askari akafunua kifuniko, akaona meno meupe na meusi yamejipanga, akafunika polepole. Akasema wake wa Kizanzibari wana mambo, akawaruhusu.

Wanaume wanane waliishusha Bawshar. Bi Shaikha aliisimamia kazi yote, akahakikisha mlango wake haukwaruzwi, na walipokwisha ondoka akamwita Nasriya.

"Kasha langu limegongwa miaka mitano nikanyamaza. Hili silinyamazii. Nyumba hii ya watu wengi na watu wanasema. Wewe wasema hiki ni chombo cha harusi?"

"Ndiyo, Shangazi."

"Basi tukione harusini. Mjukuu wangu Muhsina anaolewa tende zikishavunwa. Wanawake wakiinuka kucheza kwa kinanda chako, kikae humu mpaka kioze. Wasipoinuka, kinarudi Matrah, na kasha langu usiliguse tena. Khalas, hayo ndiyo yamekwisha."

Mwanamke mwenye akili zake angeomba kufikiri walau usiku mmoja. Nasriya alisema, "Nimekubali," kabla Bi Shaikha hajafunga mdomo.

Miezi miwili ya kwanza ilikuwa asali. Mkono wa kushoto haukuwa umesahau kitu, na Kheiria, ambaye alimjua mama yake kama mgonga kasha tu, alikaa chini ya piano akisikiliza kwa kinywa wazi. Nasriya, kwa furaha, aliifanyia piano yake yale yote aliyofundishwa. Alishona vifuko, akajaza mchele na makaa, akavipanga tumboni mwake.

Mwezi wa tano gharbi ikaanza, ule upepo wa moto utokao jangwani, unaokausha hata kope. Piano ikaanza kuharibika. Kwanza sauti zilishuka kidogo, halafu zikawa chungu, kisha kibao kimoja kikagoma, kikafuatwa na cha pili. Nasriya alikuwa na ufunguo aliochongewa na mhunzi wa Matrah wa kukazia nyuzi. Akikaza leo, kesho zimelegea. Akasema huu ni unyevu. Mtu wa Unguja piano yake ikiugua hana ugonjwa mwingine wa kuutaja. Akaongeza mchele. Piano ikazidi kuumwa, naye akazidi kuongeza, mpaka Bi Shaikha akaanza kuuliza mbona gunia linakwisha mapema na nyumba haikupata wageni.

Ilipofika mwezi wa nane alikuwa hawezi kupiga wimbo mmoja mpaka mwisho. Zilibaki wiki tisa. Alikonda, akawa mkali kwa Kheiria bila sababu, na siku moja aliifungua piano mbele na nyuma akakaa chini kuitazama, hajui pa kuanzia. Ndipo alipoingia Masouda.

Masouda alikuwa jirani, mwanamke mpana mwenye sauti nzito, mpigaji mkuu wa ngoma katika harusi zote za Bawshar na Ansab. Mama yake alikuwa wa Wete, kwa hiyo Kiswahili alikuwa nacho, cha jikoni. Alikuwa amekuja kuazima kinu. Akainama, akachungulia tumboni mwa piano, akatia mkono akatoa kifuko.

"Nini hii?"

"Mchele."

"Wa kula?"

"Wa kunyonya maji."

Masouda akalitazama dirisha, nje ambako hata mbwa walikuwa wamejificha na jua. "Maji gani, dada? Wewe waona maji wapi?"

Nasriya akakipokea kifuko, akakiminya. Kilikuwa kikavu.

"Mimi kinu changu kikitoka kivulini siku moja tu, chapasuka," Masouda akaendelea. "Na ngoma yangu kubwa, kiangazi naifunga gunia bichi, naimwagia asubuhi na jioni. Mti wa kwetu hufa kwa kiu. Wewe huyu wako ana kiu, na wamlisha mchele!"

Nasriya alicheka. Alicheka mpaka akakaa sakafuni, halafu kicheko kikageuka, Masouda akamshika kichwa akamwacha alie. Miaka mitano alikuwa Bawshar. Alikuwa akinywa maji ya hapa, amekwishazoea jua la hapa, na mikono yake bado ilikuwa inaishi Malindi. Walitoa vifuko thelathini na viwili. Bi Shaikha alipoona mchele wote ule, mweusi kwa vumbi la makaa, aliuosha maji saba akawapikia watu wa nyumba siku tatu, na kila sinia ilipotua alimwambia Nasriya ale yeye kwanza.

Tangu siku ile piano ilinyweshwa. Nasriya alining'iniza humo mitungi midogo miwili ya maji, ile ya udongo unaovuja jasho, akaizungushia piano magunia mabichi nyuma. Polepole mbao zikarudi. Vigingi vya nyuzi vilivyolegea alivitoa kimoja kimoja, akavizungushia ukanda wa msasa, akavirudisha. Mikono ilimchubuka. Wiki nne alifanya kazi hiyo na piano ikampa sauti zake, ila mahali pamoja. Chini kabisa, nyuzi kumi na moja za besi hazikukaza. Pale mbao ilikuwa imepasuka na hapakuwa na msasa wa kuitibu. Kibao kilipopigwa kilitoa mlio wa kitu kizito kimeanguka kwenye mchanga.

Nyuzi kumi na moja si nyingi kwa mpigaji mwingine. Kwa Nasriya ndiyo mahali mkono wake wa kushoto unapotua. Sleyum, ambaye alimpenda na kwa hiyo hakuweza kumwangalia anavyojitesa, alimwambia apige nyimbo nyepesi, za katikati, mikono yote ikae pamoja. Watu wa hapa hawatajua tofauti.

"Mimi ntajua," Nasriya alisema. "Nikipiga hivyo na wakainuka, kitabaki kinanda. Mimi ndiye ntakuwa nimerudishwa Matrah."

Harusi ya Muhsina ilifanyika nyumbani kwa Bi Shaikha mwezi wa kumi, siku ya Alkhamisi, baada ya adhuhuri. Walikuja wanawake wa Bawshar, wa Ansab, na jamaa za bwana harusi kutoka Amerat, waliovuka milima kwa punda tangu alfajiri na hawakutaka kupotezewa wakati. Bibi harusi alikaa juu ya godoro, amefunikwa shuka la kijani kutoka kichwani hadi chini, vidole vya miguu tu vinaonekana, vyekundu kwa hina. Mila ya pale ni kwamba bibi harusi hatikisiki. Hakohoi, hageuki, hajikuni. Mwenye kutikisika atasemwa mpaka wajukuu.

Nasriya alikaa, akaomba kimoyomoyo, akaanza. Mkono wa kulia uling'ara. Wa kushoto uliruka kwenda chini, ukatua mchangani, ukaruka kurudi. Wanawake walisikiliza kwa heshima kubwa, na heshima ndiyo iliyomtia hofu, maana walikaa kama waliokuja kusomewa hitma. Wimbo wa kwanza ukaisha. Wa pili ukaisha. Bi Shaikha alikuwa ameegemea nguzo.

Wimbo wa tatu Masouda hakustahimili. Alivuta ngoma yake kubwa na pale mkono wa kushoto ulipotua mahali pafu, akapiga yeye. Du, halafu piano. Du, halafu piano. Chumba kikageuka. Wanawake wa Ansab waliinuka kwanza, wa Bawshar wakafuata, na wale wa Amerat, wasije wakaonekana wazembe, wakainuka wote pamoja. Vigelegele vikapaa. Kheiria alimkumbatia mama yake shingoni, akamwambia sikioni, "Mama, wameinuka!"

Bi Shaikha aliacha wimbo uishe. Kisha akasema, kwa sauti ya kawaida iliyofika pembe zote, "Wameinukia ngoma ya Masouda."

Masouda akafungua mdomo kumtetea. Wanawake kadhaa wakasema ah, Bi Shaikha, si vyote pamoja? Ingetosha. Nasriya angenyamaza tu, akawaacha wamtetee, na piano ingebaki, kwani Bi Shaikha hakuwa mtu wa kugombana na nyumba nzima siku ya harusi. Lakini alikuwa ameligonga kasha miaka mitano, na hakuligonga ili atetewe.

"Shangazi kasema kweli," akajibu. "Masouda, dada yangu, pumzisha mikono."

Masouda akamtazama kama anayemwona anavua nguo sokoni. Akaiweka ngoma chini.

Nasriya akachagua wimbo mgumu kuliko yote, ule wa mwisho kufundishwa na Bi Filomena, ambao hata yeye aliupiga kwa kuuma meno. Akauanza kwa kasi. Chini hapakuwa na kitu, mkono ukitua unatua patupu. Wanawake wawili wa Amerat wakakaa. Wakakaa na wengine wanne. Sleyum angekuwepo angemwomba apunguze, yeye akaongeza. Hatua za kushoto zikawa ndefu zaidi, akivigonga vile vibao vifu kwa nguvu zote, kana kwamba ni vizima, jasho likimwingia machoni, na wanawake kumi hivi waliobaki wamesimama, walipokosa besi, wakaanza kuitafuta wenyewe. Mmoja alikanyaga chini kwa kisigino. Mwenzake akamfuata. Njuga za miguuni zikaitikia. Sakafu ya udongo ikaanza kutoa sauti ile ile iliyokosekana, pale pale ilipotakiwa, na waliokaa wakasimama tena wasijue nani kawaamuru.

Bi Shaikha hakuwatazama. Alikuwa anatazama godoro. Chini ya shuka la kijani, mguu wa Muhsina, mwekundu kwa hina, ulikuwa unakwenda.

"Muhsina! Mguu!"

Mguu ukasimama. Ukakaa kimya mipigo minne, mitano. Kisha kidole gumba kikainuka chenyewe, kikashuka, kikainuka, na mguu mzima ukakifuata, na wa pili nao, na shuka lote likawa linatikisika, na bibi harusi ndani yake anacheka kwa sauti mbele ya wakwe zake.

Wanawake wa Amerat walimgeukia Bi Shaikha kuona atafanya nini. Bi Shaikha alijifunika uso kwa ukaya, mabega yakamtetema, na walipodhani analia kwa aibu, aliufunua, na machozi yalikuwepo, lakini ya kicheko. Akapita katikati ya wachezaji mpaka kwenye piano, akaweka mkono wake juu ya mbao iliyokuwa inatetemeka.

"Kikae humu," akasema.

Nasriya alimsikia. Hakugeuka wala hakuitikia, kwani wimbo ulikuwa haujaisha.